Rudi Ulikotoka: Kutatua Mlinganyo wa Kipeo cha Pili kwa Kwenda Kinyumenyume

Nina namba kichwani. Nimeipunguza 3, nilichopata nikakizidisha kwa chenyewe, nikazidisha tena kwa 2, nikajumlisha 5, ikaja 55. Ni namba gani?

Muulize mtu swali hili barazani. Atakuna kichwa kidogo, kisha ataanza: haya, kabla hujajumlisha 5 ulikuwa na 50, kabla hujazidisha kwa 2 ulikuwa na 25, namba inayojizidisha ikaleta 25 ni 5, basi ulianza na 8. Hajagusa kalamu. Sasa mwandikie mtu huyohuyo hivi:

2(x − 3)² + 5 = 55

Mwambie ni mlinganyo wa kipeo cha pili. Atakuambia hesabu zilimshinda tangu sekondari. Na swali ni lilelile! Tena kwa mdomo alikuwa amebakiza kipande kimoja tu cha jibu, ambacho tutakifikia.

Mwongozo huu ni wa mwanafunzi wa Kidato cha Pili, na wa mzazi au kaka anayekaa naye jioni na daftari. Wengi walisoma hesabu za msingi kwa Kiswahili, wakaingia Kidato cha Kwanza zikageuka Kiingereza, na pale katikati kuna vitu vilidondoka. Kimojawapo ni MAGAZIJUTO, ndicho tutakachoanza nacho.

Kabla ya kuanza

MAGAZIJUTO ni mpangilio wa kwenda mbele: mabano, kugawanya, kuzidisha, kujumlisha, kutoa. Kipeo (ile ² ndogo ya juu, yaani namba kujizidisha yenyewe) hakina herufi yake humo, kwa hiyo kitafutie nafasi mwenyewe: kinakuja mara tu baada ya mabano, kabla ya kugawanya na kuzidisha. Ndiyo maana 4 × 3² ni 36, wala si 144.

Unapotatua mlinganyo unatembea njia hiyohiyo, ila unatoka mwisho kuja mwanzo. Na kila tendo ulilokutana nalo unalifuta kwa kinyume chake. Kujumlisha kunafutwa na kutoa, kutoa kunafutwa na kujumlisha. Kuzidisha kunafutwa na kugawanya, na kugawanya kunafutwa na kuzidisha. Kipeo cha pili kinafutwa na kipeuo cha pili, yaani alama ya √.

Mbinu yenyewe ni kongwe. Mwanahisabati Aryabhata wa India aliiandika mwaka 499 kwa ufupi wa kupendeza: kilichokuwa kizidisho kinakuwa kigawanyo, kilichoongezwa kinatolewa. Wataalamu wa Kihindi waliomfuata wakaongeza na vipeo na vipeuo kwenye orodha hiyo.

Hatua ya 1: Hesabu x imetokea mara ngapi

Hapa ndipo watu wanaparuka, na ndipo penye uamuzi wote. Kama x imetokea mara moja tu kwenye mlinganyo mzima, unaweza kurudi kinyumenyume moja kwa moja. Kwenye 2(x − 3)² + 5 = 55 imetokea mara moja. Kwenye x² + 10x = 39 imetokea mara mbili, kwa hiyo hapo huwezi kurudi, kwa sababu hakuna njia moja ya kurudia. Milinganyo ya aina hiyo ina dawa yake, iko mbele kidogo.

Hatua ya 2: Simulia yaliyompata x

Andika kwenye pembe ya daftari, kwa maneno, kila kilichotendwa kwa x kwa mpangilio. Anzia kwenye x yenyewe, toka nje taratibu:

x
toa 3
kipeo cha pili
zidisha kwa 2
jumlisha 5
→ 55

Usione ni kazi ya kitoto. Mwanafunzi anayekosea milinganyo hii mara nyingi anajua kugawanya na kutoa vizuri kabisa. Alichokosea ni mpangilio. Angalia hizi mbili:

4x² = 36
(4x)² = 36

Kwenye ya kwanza, x imepandishwa kipeo kwanza ndipo ikazidishwa kwa 4. Kurudi: 36 ÷ 4 = 9, kisha kipeuo, x ni 3 au −3. Kwenye ya pili, x imezidishwa kwa 4 kwanza, halafu kipeo kikaja juu ya vyote. Kurudi: kipeuo cha 36 ni 6, kwa hiyo 4x ni 6 au −6, na x ni 1.5 au −1.5. Mabano mawili madogo yamebadilisha jibu zima.

Hatua ya 3: Rudi kutoka chini

Sasa isome ile safu kutoka chini kwenda juu, kila tendo ukiliweka kinyume chake, na ufanye hivyo pande zote mbili za alama ya sawasawa:

2(x − 3)² + 5 = 55
2(x − 3)² = 50 (tumetoa 5)
(x − 3)² = 25 (tumegawanya kwa 2)

Kosa la kukwepa hapa ni kukimbilia kipeuo mapema. Mtu anaona x² + 9 = 25, anatoa kipeuo kwa kila kitu anachokiona, anaandika x + 3 = 5, anapata 2. Jaribu: 2² + 9 ni 13. Kipeuo cha jumla si jumla ya vipeuo. Ile 9 ndiyo iliyoingia mwisho, kwa hiyo ndiyo inayotoka mwanzo: x² = 16, na x ni 4 au −4.

Hatua ya 4: Kwenye kipeuo, njia inagawanyika

Hiki ndicho kipande alichobakiza jamaa yetu wa barazani. Matendo mengine yote yana kinyume kimoja. Ukiniambia umejumlisha 5 ukapata 55, hakuna ubishi, ulikuwa na 50. Lakini ukiniambia umejizidisha ukapata 25, sina hakika ulikuwa 5 au −5, maana (−5) × (−5) nayo ni 25. Kipeo cha pili kinafuta alama. Kwa hiyo ukirudi lazima upite njia zote mbili:

x − 3 = 5, basi x = 8
au
x − 3 = −5, basi x = −2

Wengine huandika kwa kifupi x − 3 = ±5. Ni sawa, ila kwa anayeanza nashauri uandike mistari miwili kamili. Alama ya ± ni rahisi kuibeba na kuisahau njiani.

Kuna jambo linawachanganya hata wazuri. Kikokotoo ukikiandikia √25 kinatoa 5 peke yake, hakitoi −5. Hakijakosea. Alama ya √ kwa makubaliano ina maana ya kipeuo chanya tu. Swali la "√25 ni ngapi?" lina jibu moja. Swali la "namba gani kipeo chake cha pili ni 25?" lina majibu mawili. Mlinganyo unauliza la pili, na hiyo alama ya kutoa lazima uiongeze wewe, kikokotoo hakitakukumbusha.

Mara nyingine njia haigawanyiki. Chukua 3(x + 4)² − 7 = −7. Jumlisha 7, inakuja 0. Gawanya kwa 3, bado 0. Kipeuo cha 0 ni 0, na 0 haina chanya wala hasi. Jibu ni moja, x = −4.

Na mara nyingine njia imefungwa kabisa. x² + 9 = 5 inakupeleka kwenye x² = −4. Namba chanya ikijizidisha inatoa chanya, hasi ikijizidisha inatoa chanya, sifuri inatoa sifuri. Hakuna namba halisi itakayokupa −4. Andika hivyo, "hakuna jibu katika namba halisi", kisha nenda swali linalofuata. Usifute ile alama ya kutoa ili swali likubali.

Kama namba haina kipeuo kizima, iache kama ilivyo mpaka mwisho. (x − 1)² = 7 inatoa x = 1 + √7 au x = 1 − √7, ambazo kwa makadirio ni 3.65 na −1.65. Ukikadiria mapema, kosa dogo unalitembeza hadi mstari wa mwisho.

Hatua ya 5: Jaribu majibu yote mawili

Rudisha 8 kwenye mlinganyo: 8 toa 3 ni 5, kipeo 25, mara 2 ni 50, jumlisha 5 ni 55. Rudisha −2: toa 3 ni −5, kipeo 25, na kuanzia hapo njia ni ileile. Sekunde chache tu. Ukipata namba tofauti na 55, kosa liko kwenye mstari mmoja wa kurudi, na kwa kuwa uliandika safu ya matendo utaliona haraka.

Mtego wa namba iliyo mbele

Mlinganyo kama huu unawaangusha wengi:

45 − 5t² = 25

Tuseme nati imemponyoka fundi kwenye jengo, mita 45 kutoka chini. Kitu kinapoanguka bure kinashuka takriban mita 5t² kwa sekunde t (tukichukua mvutano wa dunia kuwa mita 10 kwa sekunde ya mraba, kama maswali ya fizikia ya sekondari yanavyofanya). Baada ya sekunde ngapi itakuwa mita 25 kutoka chini?

Ukiuliza "t imepatwa na nini mwishoni?", kishawishi ni kusema "imetolewa 45". Hapana. 45 haijatolewa kwa kitu chochote. Yenyewe ndiyo iliyotolewa kitu. Njia salama ni kuigeuza sentensi: t imepandishwa kipeo, ikazidishwa kwa −5, kisha ikajumlishwa 45. Sasa rudi:

−5t² = 25 − 45 = −20
t² = −20 ÷ −5 = 4
t = 2 au t = −2

Sekunde −2 ni kabla nati haijaponyoka, kwa hiyo jibu ni sekunde 2. Ukiweka 0 mahali pa 25 utapata muda wa kufika chini: sekunde 3. Yaani sekunde 2 za kwanza imeshuka mita 20, na ile moja ya mwisho imemaliza mita 25. Ndiyo sababu kofia ngumu huvaliwa hata na anayepita tu.

Ekari ni 70 kwa 70?

Mara nyingi ukinunua shamba Tanzania utaambiwa ekari ni hatua 70 kwa hatua 70. Tuipime. Ekari moja ni mita za mraba 4,047 hivi. Kama shamba ni mraba kamili wenye upande x:

x² = 4,047
x ≈ 63.6

Upande wa ekari ya mraba ni mita 63.6, kwa hiyo 70 hazikuwa mita. Jaribu kwa yadi: ekari ni yadi za mraba 4,840, kipeuo chake ni 69.57. Hiyo ndiyo 70 yetu. Hatua inayotajwa inalingana na yadi, karibu sentimita 91, na hiyo ni hatua ndefu ya mtu anayekusudia.

Sasa ona kipeo kinavyofanya kazi yake. Anayepima mita 70 kwa tepu anakata mita za mraba 4,900, amezidisha 853. Mnunuzi atashukuru. Lakini mpimaji mwenye hatua fupi ya sentimita 75 akitembea 70, upande ni mita 52.5, na eneo ni mita za mraba 2,756 tu. Hatua imepungua chini ya moja ya tano, ila karibu theluthi ya ekari imeyeyuka, kwa sababu upungufu umeingia kwenye urefu na kwenye upana vilevile. Nenda shambani na tepu yako.

Mfano mmoja zaidi hapohapo. Umenunua kiwanja cha mita 70 kwa 70 na unataka kuacha mita 2 kila upande kwa ajili ya michongoma na njia. Sehemu ya kulima ina upande x, na kiwanja kizima ni (x + 4)² = 4,900. Kipeuo: x + 4 ni 70 au −70. x ni 66 au −74. Upande wa shamba hauwi hasi, tunabaki na 66. Zingatia kwamba −74 ni jibu halali la mlinganyo. Shamba ndilo lililolikataa. Kwenye mtihani, kama swali ni namba tupu bila shamba wala muda, yaandike yote mawili.

Riba ya miaka miwili

Umeweka shilingi 500,000 mahali ambapo riba huongezwa juu ya jumla kila mwaka. Baada ya miaka 2 zimekuwa 605,000. Riba ni asilimia ngapi kwa mwaka? Wengi hufanya hivi: faida ni 105,000, ambayo ni asilimia 21, gawa kwa 2, asilimia 10.5. Hapana, maana mwaka wa pili riba nayo imezaa riba.

500,000(1 + r)² = 605,000
(1 + r)² = 1.21
1 + r = 1.1 (lile la hasi linatupwa hapa)
r = 0.1

Asilimia 10 kwa mwaka. Tofauti ya nusu asilimia inaonekana ndogo mpaka anayeitaja awe anakukopesha.

x ikitokea mara mbili

Turudi kwenye x² + 10x = 39. Swali hili lina historia: mwanahisabati al-Khwarizmi alilitatua Baghdad katika karne ya 9, kwa kuchora. Chukua karatasi ufanye naye.

Chora mraba wenye upande x. Eneo lake ni x². Ile 10x igawe vipande viwili sawa, 5x na 5x, kila kimoja mstatili wenye urefu x na upana 5. Bandika mstatili mmoja kulia kwa mraba, mwingine chini yake. Umbo linakaribia kuwa mraba mkubwa wenye upande x + 5, ila kona moja ni tupu. Kona hiyo ni 5 kwa 5, yaani 25. Ijaze. Umeongeza 25 upande mmoja wa mlinganyo, ongeza na upande wa pili:

x² + 10x + 25 = 39 + 25
(x + 5)² = 64

Sasa x iko mara moja, na njia ya kurudi imefunguka. Kipeuo: x + 5 ni 8 au −8. x ni 3 au −13. Al-Khwarizmi aliishia kwenye 3, kwa sababu alikuwa akizungumzia mistari na maeneo ya kweli. Sisi tunaandika zote mbili.

Kanuni ya kukamilisha mraba ni hiyo: chukua namba iliyo na x, igawe kwa 2, ipandishe kipeo, ongeza pande zote mbili. Kama x² imetanguliwa na namba, gawanya kwanza mlinganyo mzima kwa namba hiyo. Kwa mfano 2x² + 12x − 14 = 0 inakuwa x² + 6x = 7, kisha (x + 3)² = 16, na x ni 1 au −7. Ile fomula ndefu yenye b² − 4ac ambayo wanafunzi huikariri kama shairi imepatikana kwa kufanya kazi hii hii kwa herufi badala ya namba.

Si lazima uitumie kila mahali. x² − 5x + 6 = 0 ukiitazama tu unaona 2 na 3 (ukizijumlisha ni 5, ukizizidisha ni 6), kwa hiyo tafuta vigawo, umalize. Na ukikutana na x² = 5x, usigawanye kwa x pande zote. Utapata 5 na utakuwa umeipoteza 0, ambayo nayo ni jibu. Huwezi kugawanya kwa kitu ambacho huenda ni sifuri.

Mazoezi

Andika safu ya matendo kwa kila moja kabla ya kurudi.

a) 3x² − 12 = 15
b) (x + 7)² = 100
c) (x − 2)² ÷ 4 + 1 = 10
d) 50 − 2(x + 1)² = 18
e) 5(x − 6)² + 20 = 5
f) x² − 8x = 9
g) Shilingi 800,000 zimekuwa 882,000 kwa miaka 2, riba ikiongezwa juu ya jumla kila mwaka. Riba ni asilimia ngapi?

Majibu: a) 3 au −3. b) 3 au −17. c) 8 au −4. d) 3 au −5, kama umepata namba hasi chini ya kipeuo, rudia ule mtego wa nati. e) Hakuna jibu katika namba halisi, utakwama kwenye −3. f) 9 au −1, nusu ya −8 ni −4, na kipeo chake ni 16 chanya. g) Asilimia 5.